Mahari yangu imeshaezeka nyumba, nifanyeje?

"Shangazi shikamoo. Nina miaka 24, nakaa Mbagala kwa mamkubwa, nauza vitenge dukani Kariakoo. Saa kumi alfajiri niko macho nachota maji na kupika chai ya watu saba, nikirudi usiku vyombo vinanisubiri mie, mtoto wa kiume wa mamkubwa yupo tu na simu. Sasa kwetu Muheza wameshapokea mahari ya mtu niliyemuona mara moja na baba kashanunua mabati. Nikikataa namuaibisha."

Marahaba mwanangu. Barua nimeisoma nikairudia, umeandika aibu ya baba, umeandika mabati, ila hakuna mahali umesema kama huyo mwanaume unamtaka. Anza na hilo, peke yako, hata ukiwa umesimama kwenye daladala.

Kama humtaki, hela isikufunge mdomo. Sheria ya Ndoa ya 1971 inataka ridhaa ya hiari ya wote wawili, mahari kupokelewa hakujakufanya mke wa mtu, na hata shekhe lazima ajue umeridhia kabla ya kufungisha, ila usingoje siku hiyo maana pilau ikishakuwa jikoni na wageni wamejaa uani mdomo unakuwa mzito, nimeona mabinti wanaitikia kwa kichwa huku wanalia na watu wanasema aah haya tu za bi harusi. Huyo bwana anaweza kudai chake kama alikitoa kwa ajili ya ndoa, lakini deni ni la aliyepokea na watu wazima hukaa wakapanga kulipana kidogo kidogo. Ukitaka kumchangia baba mchangie kama mtoto wake, sio kwa kuolewa.

Usimwambie kwenye simu. Omba ruhusa dukani uende Muheza kabla hawajataja tarehe, na usianze na baba, anza na bibi mzaa baba au somo wako, mtu ambaye akiongea baba anainamisha kichwa.

Za kwa mamkubwa najua unaogopa kuonekana huna shukrani, kakupa pa kulala. Ila kijana mzima ndoo ya maji haimshindi. Mvizie mamkubwa akiwa ametulia, mwambie mama naomba kaka achote maji mie nipike, hilo moja tu kwanza.

Ukirudi niandikie bibi kasemaje.