Muda wa kukata rufaa kutoka Baraza la Ardhi na Nyumba la Wilaya
Ni siku 45 kwenda Mahakama Kuu, kwa shauri la ardhi lililoanzia Baraza la Wilaya. Kifungu cha 41 cha Sheria ya Mahakama za Migogoro ya Ardhi ya Tanzania, Sura ya 216. Siku 60 ambazo wengine huzitaja ni za kifungu cha 38, pale Baraza la Wilaya liliposikiliza shauri kama rufaa kutoka Baraza la Kata, enzi Mabaraza ya Kata yalipokuwa bado yanaamua mashauri ya ardhi (kabla ya mabadiliko ya 2021). Watu wengi wanachanganya.

Siku zinaanza tarehe ya hukumu. Muda wa kusubiri nakala ya hukumu na tuzo (hati ya amri inayotokana na hukumu) hauhesabiwi, lakini lazima uweze kuuthibitisha. Kwa hiyo omba nakala kwa barua, mapema, na nakala yako ya barua igongwe muhuri wa kupokelewa wenye tarehe. Bila muhuri huo utabaki kubishana kwa maneno matupu.

Ukipewa tuzo, isome hapohapo dirishani: tarehe ilingane na ya hukumu, majina ya wadaawa (pande zote za kesi) na maelezo ya kiwanja yawe sahihi. Ikiwa na kosa, irudishe irekebishwe kabla hujaiambatanisha na sababu za rufaa.

Na jamani, rufaa peke yake haizuii utekelezaji. Mshindi anaweza kuomba kukaza hukumu, yaani itekelezwe, na nyumba ikabomolewa rufaa ikiwa bado inasubiri kusikilizwa. Peleka maombi ya zuio la utekelezaji bila kuchelewa, na hati ya kiapo inayoeleza hasara utakayopata.

Kama siku 45 zimepita, anza na maombi ya kuongezewa muda, ukieleza sababu ya kila siku uliyochelewa.