Maswali ya Wasomaji: Kuipima Runinga Janja ya Bei Nafuu Kabla ya Kulipa

SWALI: Nimetenga shilingi 600,000 kwa ajili ya runinga janja ya inchi 43. Huko Kariakoo nimeonyeshwa mbili za bei moja: ya kwanza imeandikwa "4K HDR", ya pili "Full HD" tu. Muuzaji ananihimiza nichukue ya kwanza, lakini machoni pangu ya pili ndiyo iliyokuwa na picha nzuri. Je, nimekosea?
Msomaji wa Tabata, Dar es Salaam

JIBU: Hujakosea, ila uyape macho yako kitu cha maana cha kutazama. Video za kasuku, maua na samaki zinazozungushwa dukani mchana kutwa huchaguliwa kwa sababu karibu kila kioo huzionyesha vizuri, na runinga yenyewe huwa imewekwa katika mpangilio wa dukani, unaokoleza rangi na kupandisha mwanga hadi mwisho. Nenda na flashi yenye kipande cha mechi ya mpira na kipande cha filamu chenye tukio la usiku, kisha umwombe muuzaji aweke mpangilio wa kawaida au wa sinema. Katika tukio la usiku, angalia kama giza ni jeusi kweli au ni kijivu chenye ukungu, na kama kuna mwanga unaovuja kwenye pembe za kioo. Katika mechi, ufuate mpira unapopigwa pasi ndefu uone kama unaburuta mkia.

Halafu usogee ubavuni. Vioo vya runinga hizi kwa kawaida ni vya aina ya VA au IPS. VA hutoa weusi mzito zaidi, lakini rangi zake hupauka kwa anayetazama kutoka pembeni. IPS hustahimili pembe, ila giza lake ni hafifu. Kwa sebule ambayo makochi yamezunguka kuta tatu, kama zilivyo nyingi za kwetu, jambo hili lina uzito kuliko herufi zote zilizo kwenye boksi.

Kuhusu 4K, uliza kama kioo chenyewe kina pikseli (nukta zinazounda picha) 3,840 kwa 2,160, au runinga inapokea tu video za 4K na kuzipunguza ili zienee kwenye kioo chenye pikseli chache zaidi, kwa maana boksi huweza kuandikwa hivyo kwa hali zote mbili. Hata ikiwa ni 4K halisi, ukikaa mita mbili na nusu mbele ya inchi 43, ni vigumu kuona tofauti yake na Full HD. HDR nayo, yaani teknolojia ya kupanua tofauti kati ya mwanga na giza kwenye picha, inahitaji mwangaza mkubwa: filamu nyingi za aina hiyo hutayarishwa kwa niti 1,000 (niti ni kipimo cha mwangaza wa kioo), ilhali runinga nyingi za bei ya chini huishia karibu na niti 300, hivyo wakati mwingine picha huonekana yenye giza zaidi HDR inapowashwa. Mimi ningechukua ile ya pili, kama itafaulu majaribio hayo.

SWALI: Runinga yangu ya Android inafungua YouTube, lakini Netflix haikubali kabisa. Je, ni mbovu?
Msomaji wa Kisumu

JIBU: Huenda si mbovu. Android ni mfumo ulio wazi, na kiwanda chochote kinaweza kuupakia bila idhini ya Google wala ya Netflix. Runinga za namna hiyo huuzwa kwa jina lilelile la "Android", lakini Netflix huweza kukataa kufunguka kwenye runinga isiyo na idhini yake. Usikimbilie kununua nyingine: chomeka kwenye tundu la HDMI kifaa kidogo cha kutazamia kilichoidhinishwa, na runinga yako itabaki kuwa kioo tu. Anayenunua sasa aunganishe runinga na intaneti ya simu yake papo hapo dukani, afungue kila programu anayoihitaji, kwa kutumia rimoti ya runinga hiyohiyo.

SWALI: Shemeji yangu aliyeko Marekani anataka kunitumia runinga. Je, itafanya kazi Unguja?
Msomaji wa Zanzibar

JIBU: Mwombe kwanza apige picha ya kibandiko cha nyuma. Kikiandikwa volti 120 pekee, utahitaji transfoma, kwa kuwa umeme wetu ni wa volti 230. Antena yako pia haitaisaidia, maana runinga za huko hupokea matangazo ya kidijitali ya mfumo wa ATSC, nasi tunatumia mfumo mwingine, DVB-T2. Itakubidi uiunganishe na king'amuzi kwa kebo ya HDMI.