Unga mweupe si kitosani

Vijana wangu wa maganda ya kamba, jana nimekuta tena gunia limelala juani na harufu imefika barabarani. Nawapenda, lakini haya tumeshayasema. Tunatengeneza kitosani, unga wa maganda unaoyeyuka katika asidi nyepesi na kumiminwa kuwa utando wa kufungia vitu.

1. Maganda huoshwa na kuanikwa siku ileile kamba wanapomenywa.

2. Asidi ya kuondolea chokaa itieni kidogo kidogo. Chokaa ya maganda ikikutana na haidrokloriki hutoa gesi, na povu litajaa meza kabla hujashika kitambaa.

3. Kostiki (soda kali inayounguza) hutiwa katika maji. Maji hayatiwi katika kostiki. Na miwani ivaliwe.

4. Hapa nitakaa. Msimu uliopita kijana mmoja, mwenye bidii kuliko wengi, alitoa unga mweupe pee. Wenzake wakampongeza, wakaupima, wakaandika “kitosani” kwenye makopo. Siku ya kumimina utando wakautia katika asidi ya siki ya asilimia 1, wakakoroga mpaka usiku. Asubuhi unga wote umelala chini ya bika. Maganda, asidi, gesi ya kupikia, vyote vimekwenda bure. Alikuwa ametumia ile kostiki nyepesi ya kuondolea protini, akidhani hatua ya mwisho ni kurudia tu. Sivyo! Kitini, yaani kile kinachobaki maganda yakishatolewa chokaa na protini, ina vikundi vya asetili vilivyoshikamana na mnyororo wake, na kuving’oa kunataka kostiki ya asilimia 40 hadi 50, kwenye joto la karibu nyuzi 100, kwa saa kadhaa. Vikishatoka takriban nusu au zaidi, vikundi vya amini (vyenye naitrojeni) vinavyobaki hupata chaji chanya ndani ya asidi, minyororo ikasukumana, unga ukayeyuka. Visipotoka, una kitini safi, nayo ni nyeupe vilevile. Kijana yule alinyamaza kutwa, nami sikumgombeza, maana mikono yake ilifanya kazi safi. Basi, kabla ya kuandika jina koponi, chota kijiko kimoja ukiyeyushe.

5. Utando ukikauka, uchovyeni katika kostiki nyepesi kisha muuoshe, la sivyo maji yatauvimbisha.

6. Glisirini ya kulainishia utando mnaipima kama walio kwenye maabara zenye kiyoyozi. Hewa ya Malindi wakati wa masika imejaa unyevu, na glisirini huuvuta, utando ukanata vidoleni. Tangu mifuko ya plastiki ipigwe marufuku Agosti 2017, wauza kashata huniuliza tutawapa nini cha kufungia, na siwezi kuwapelekea kitu kinachonata. Anzeni na nusu ya kipimo, mwache utando nje usiku kucha, ndipo muamue kuongeza.