Unyevu ukipanda usiku, kifaa si lazima kiwe kibovu
Ndugu muulizaji, data loga yako (kifaa kinachopima na kurekodi unyevu chenyewe) kuonyesha unyevu wa asilimia 62 mchana na 78 alfajiri katika chumba hicho cha vitabu hapo Tanga si ushahidi kwamba imeharibika. Inachopima ni unyevu linganifu, yaani mvuke uliomo hewani ukilinganishwa na kiwango cha juu kinachowezekana katika joto hilo, ambao hupanda hewa inapopoa hata kama mvuke uliomo chumbani haujaongezeka, na kushuka kwa joto kutoka nyuzi 30 hadi 26 kunatosha kabisa kuleta tofauti hiyo.

Ukibaki na shaka, weka chumvi ya mezani kwenye kifuniko cha chupa, ilowanishe kwa maji kidogo hadi iwe kama uji mzito bila kuyeyuka yote, kisha ifungie pamoja na kifaa ndani ya kopo lisilopitisha hewa kwa saa 24. Katika nyuzi 25 kinapaswa kusoma karibu asilimia 75.

Kinachonitia wasiwasi zaidi ni mahali ulipokitundika, yaani ukuta wa nje unaopigwa na jua la jioni. Kihamishie kwenye rafu, nyuma ya vitabu, kwa kuwa huko ndiko hewa hutuama na kuvu huanza.