Kwa Nini Bakteria Abebe Sumu Inayomuua Mwenyewe? Maswali na Majibu

Katika makala iliyopita niligusia, kwa sentensi moja tu, kwamba bakteria wengi hubeba ndani yao sumu ya kuwaua wenyewe pamoja na kiuasumu cha kuizuia. Sentensi hiyo imezaa maswali mengi kuliko makala nzima. Nimechagua yale yaliyojirudia, na nimeyajibu kwa urefu usiolingana kwa sababu mambo yenyewe hayalingani.

Inakuwaje kiumbe hai ajiwekee sumu tumboni? Inamfaa nini?

Tuanze na umri wa vitu hivi viwili, maana siri yote imelala hapo. Sumu na kiuasumu chake huandikwa na jeni mbili zilizokaa bega kwa bega kwenye DNA, na mara nyingi husomwa kwa mkupuo mmoja. Sumu ni protini ndogo iliyo imara, na ikishatengenezwa hudumu. Kiuasumu ni legelege. Vimeng'enya vya seli vinavyosafisha protini hukitafuna mapema, hivyo lazima kitengenezwe upya bila kukoma. Maadamu seli inaendelea kukitengeneza, kiuasumu huikumbatia sumu, na hakuna linalotokea. Utengenezaji ukikatika, kiuasumu huisha kwanza, na sumu hubaki peke yake.

Mfumo wa kwanza wa aina hii ulielezwa mwaka 1983 na Teru Ogura na Sota Hiraga wa Japani, waliokuwa wakichunguza plasmidi F ya bakteria Escherichia coli (kwa kifupi E. coli). Plasmidi ni kipande cha DNA, kwa kawaida cha mviringo, kinachoishi ndani ya bakteria nje ya kromosomu yake. Bakteria anapogawanyika, seli mojawapo changa inaweza kukosa plasmidi. Lakini haikosi urithi: imepata sehemu ya ute wa mama, na ndani ya ute huo mna sumu iitwayo CcdB na kiuasumu kiitwacho CcdA. Jeni za kutengeneza CcdA mpya hazimo tena. CcdA iliyorithiwa inaliwa kidogo kidogo hadi inakwisha, na seli inakufa. Aliyepoteza plasmidi haachi kizazi.

Kwa hiyo swali lako, "inamfaa nini bakteria", pengine lina mwenyewe asiye sahihi. Inaifaa plasmidi. Plasmidi inaweza isilete faida yoyote kwa mwenyeji wake na bado asiweze kuiacha. Watafiti huiita hali hii uraibu, na kwangu ni mojawapo ya majina machache katika biolojia yaliyolenga shabaha: anayeumia ni yule anayeacha.

Mfano wa pili ni mzuri zaidi kwa sababu kiuasumu chake si protini kabisa. Plasmidi R1, iliyochunguzwa na Kenn Gerdes wa Denmark katika miaka ya 1980, ina sumu iitwayo Hok, peptidi (yaani protini fupi) ya asidi amino 52 tu; asidi amino ni vipande vinavyoungwa kujenga protini. Kiuasumu chake, Sok, ni kipande cha RNA, jamaa wa DNA anayebeba nakala ya jeni, kinachojibandika juu ya RNA inayobeba ujumbe wa Hok na kuuziba usisomwe. Ujumbe wa Hok unadumu, lakini Sok huoza haraka. Vifaa ni vingine kabisa, ila tofauti ya umri ni ileile.

Sumu hizi hufanya nini hasa ndani ya seli?

Hushambulia mambo ambayo seli haiwezi kuishi bila hayo. CcdB hunasa girasi, kimeng'enya kinachokata nyuzi za DNA, kulegeza msokoto wake na kuziunga tena. Huinasa katikati ya kazi, DNA ikiwa imekatwa na haijaungwa. Kimeng'enya hichohicho ndicho hulengwa na dawa kama siprofloksasini. Yaani bakteria walikuwa na silaha hiyo kabla yetu.

Sumu nyingine, MazF, hukata RNA za ujumbe kila inapokuta herufi ACA, na uzalishaji wa protini hukwama. Hok hutoboa utando wa seli. Sumu TisB, yenye asidi amino 29, hujichomeka kwenye utando na kuvujisha chaji ya umeme ambayo seli huitumia kutengenezea nishati. Nyingine, iitwayo zeta, inayopatikana kwa Streptococcus pyogenes, huharibu malighafi ya ukuta wa seli, na bakteria anayekua hupasuka.

Je, hizi ndizo sumu zinazotuumiza tunapougua?

Hapana. Sumu ya kipindupindu au ya pepopunda hutolewa nje na kuelekezwa kwa mwenyeji. Hizi ninazozieleza hutengenezwa na kutumika ndani ya bakteria aliyezitengeneza.

Mwingine ameuliza kuhusu kolisini, zilizogunduliwa na André Gratia mwaka 1925. Hizo nazo zina jozi ya sumu na kinga, lakini hutupwa nje kuua bakteria wengine, na kinga humlinda mtengenezaji asijidhuru. Ni jamaa wa fikra, ila si mfumo mmoja.

Nimesoma kwamba bakteria hujitoa mhanga ili wenzake wapone. Ni kweli, au ni hadithi tamu?

Swali hili nimelipenda kuliko yote, na jibu langu lina sehemu mbili zisizo na uzito sawa.

Sehemu iliyo imara inahusu faji, yaani virusi vinavyoshambulia bakteria. Faji T4 ikiingia ndani ya E. coli huzima usomaji wa jeni za mwenyeji ili kiwanda kiifanyie kazi yenyewe. Hapo ndipo inapojitega. Kuna mfumo uitwao ToxIN, uliotambuliwa mwaka 2009 katika Pectobacterium atrosepticum, bakteria anayeozesha viazi. Kiuasumu chake ni RNA fupi. Mfumo huo ukiwamo ndani ya E. coli, T4 inapozima jeni za mwenyeji, RNA hiyo haitengenezwi tena, inaisha, na sumu ToxN inafunguka na kukatakata ujumbe wa virusi. Bakteria huyo haponi. Lakini virusi 100 na zaidi ambavyo vingetoka ndani yake kushambulia majirani havizaliwi.

Mwaka 2022 ulielezwa mfumo mwingine, CapRel, ambamo sumu na kiuasumu ni sehemu mbili za protini moja. Protini ya gamba la virusi ikishaanza kutengenezwa, hushikamana na ile sehemu ya kiuasumu na kuifungua sumu. Virusi haviwezi kuishi bila gamba, na gamba ndilo linalovisaliti. Sijui namna bora ya kutega mtego.

Kwa nini uteuzi wa asili uruhusu seli ife hivyo? Kwa sababu majirani wa bakteria mara nyingi ni ndugu waliotoka kwa mama mmoja, wenye jeni zilezile. Seli inayokufa bila kuambukiza inaziacha jeni zake hai ndani ya wenzake. Tena seli iliyoingiliwa na T4 ilikuwa imeshakufa kwa hesabu yoyote. Kinachobaki ni namna ya kufa.

Sehemu ya pili ni ile iliyoleta sifa kubwa na ugomvi mkubwa. Mwaka 1996 kundi la Hanna Engelberg-Kulka wa Yerusalemu lilipendekeza kwamba jozi ya MazE na MazF, iliyo kwenye kromosomu ya E. coli yenyewe, ni mpango wa kifo: njaa ikibana, sehemu ya seli hufa na kuwaachia wenzao chakula. Mwaka 2007 kundi hilo likaongeza kwamba kuna peptidi ya asidi amino 5, asparagini mbili, triptofani moja katikati, kisha asparagini mbili, inayotolewa nje na kuwaambia wengine wakati umefika. Waliiita kisababishi cha kifo cha nje ya seli.

Ni wazo la kupendeza, na ndiyo maana nalitazama kwa uangalifu. Kundi la Gerdes lilionyesha kwamba seli zilizozimwa na MazF huweza kuamshwa tena ukizipa kiuasumu. Engelberg-Kulka na wenzake walijibu kwamba zinaamka ukiwahi tu, maana baada ya saa kadhaa hakuna kurudi. Halafu, mwaka uleule wa 2007, watafiti wengine walifuta jozi 5 za sumu na kiuasumu kwa pamoja katika E. coli, wakazitesa seli kwa njia mbalimbali, na hawakuona tofauti ya maana. Msimamo wangu ni kwamba dhidi ya faji kifo cha kujitolea kimethibitika vizuri. Katika njaa, sumu hizi zinaonekana zaidi kama breki kuliko kitanzi. Neno "kujiua" limetumika mapema mno, na limewafanya wengi waone kifo pale palipokuwa na usingizi.

Je, zinahusika na usugu wa bakteria dhidi ya dawa?

Tutenganishe kwanza mambo mawili. Bakteria sugu amebadilika kijeni, na watoto wake ni sugu vilevile. Lakini mwaka 1944 Joseph Bigger, daktari wa Ireland, aliona jambo jingine: penisilini iliua karibu Staphylococcus wote isipokuwa wachache sana, na wachache hao walipozaliana, kizazi chao kiliuawa na penisilini kama kawaida. Hawakuwa sugu. Walikuwa wamezubaa, na penisilini huua seli inayojenga ukuta.

Sumu ya ndani inayosimamisha ukuaji inaonekana ndiyo hasa ya kuleta mzubao huo. Mwaka 1983 Harris Moyed na Kevin Bertrand walipata badiliko katika jeni hipA lililoongeza sana idadi ya seli zinazonusurika, na baadaye ikajulikana kwamba HipA ni sumu yenye kiuasumu chake, HipB. TisB nayo, mwaka 2010, ilionekana kuongeza seli zinazonusurika siprofloksasini: dawa huharibu DNA, uharibifu huamsha TisB, na TisB huilaza seli.

Kisha likaja tukio ambalo kila mpenzi wa sayansi anapaswa kulijua. Mwaka 2011 ilitangazwa kwamba ukifuta jozi 10 za sumu zinazokata RNA katika E. coli, seli hizo za kuzubaa hupungua sana. Maabara nyingi zilijenga juu ya matokeo hayo. Mwaka 2017 ikabainika kwamba aina zile za bakteria zilikuwa zimeingiliwa na faji iitwayo phi80, na makala ikaondolewa rasmi mwaka 2018. Jozi zilezile 10 zilipofutwa upya katika bakteria safi, tofauti haikuonekana. Faji moja isiyoalikwa iliipotosha sehemu nzima ya taaluma kwa miaka. Hip na TisB bado zimesimama. Dai la jumla kwamba jozi zote hizi ndizo chanzo cha uvumilivu wa dawa halijasimama.

Basi si tuiamshe sumu hiyo ndani ya bakteria wa kifua kikuu, ajimalize mwenyewe?

Wazo hili lina watu wanaolifanyia kazi, na si la kupuuzwa. Mycobacterium tuberculosis ana zaidi ya jozi 70, wingi usio wa kawaida. Kimsingi unatafuta molekuli ya kuingia kati ya sumu na kiuasumu na kuvitenganisha. Ugumu wa kwanza ni kwamba viwili hivyo hushikana kwa nguvu juu ya eneo pana, na molekuli ndogo hupata tabu kuvibandua. Wa pili unanitia hofu zaidi: nyingi za sumu hizi husimamisha ukuaji bila kuua. Ukiikosea dozi kidogo utakuwa umemlaza bakteria ambaye tayari ni hodari wa kulala, na dawa nyingine zitapita juu yake. Lazima uchague sumu inayoua kweli.

Kifo hiki kina undugu na kifo cha seli za mwili wetu?

Kwa utaratibu, kwa sehemu kubwa hapana. Apoptosisi, jina lililotolewa na John Kerr, Andrew Wyllie na Alastair Currie mwaka 1972 kutokana na neno la Kigiriki la kupukutika kwa majani, huendeshwa na vimeng'enya viitwavyo kaspesi, na haina jozi ya sumu na kiuasumu.

Lakini mwaka 2022 ilionyeshwa kwamba bakteria wana gasdermini, protini zinazotoboa utando wa seli, za ukoo mmoja na zile zinazoua seli zetu zilizoambukizwa. Huo ni undugu wa kweli. Na ujanja wa sumu yenye kiuasumu haukuishia kwa bakteria: mnyoo Caenorhabditis elegans ana jeni peel-1, ambayo sumu yake hubebwa na mbegu za kiume, na zeel-1, kiuasumu ambacho kiinitete lazima kijitengenezee. Kisichorithi zeel-1 hufa.

Mimi ni mwanafunzi wa biolojia. Kuna mahali naweza kuiona sumu hii ikifanya kazi?

Ipo kwenye majokofu ya maabara nyingi za jeni. CcdB hutumika kuchuja bakteria wanaopandikizwa DNA. Jeni yake huwekwa mahali hasa pale kipande kipya kinapotakiwa kuingia. Kipande kikiingia, ccdB inatoka na bakteria anaishi. Kisipoingia, sumu inatengenezwa na bakteria anakufa, hivyo makundi yanayoota kwenye sahani karibu yote ndiyo unayoyataka. Utajiuliza plasmidi yenye sumu hiyo huzalishwa wapi kabla ya matumizi. Huzalishwa ndani ya E. coli mwenye badiliko dogo kwenye girasi, asidi amino ya 462, ambalo linaifanya CcdB ikose pa kushika.