Treni ya Nachingwea: nyekundu au nyeusi?
Mkuu, umeuliza uchukue simulizi ipi kwenye filamu yako fupi, maana jana bibi yako kasema treni ya Nachingwea ilikuwa nyekundu, leo nyeusi. Chukua zote mbili. Mpango wa Waingereza wa kulima karanga, ulioleta reli hiyo, ulivunjwa 1951, reli nayo ikaja kung'olewa, kwa hiyo ulicho nacho ni bibi. Na kumbukumbu hujengwa upya kila inapoitwa.

Mtengeneza filamu Mmarekani Hollis Frampton, kwenye filamu yake ya mwaka 1971, aliunguza picha zake mojamoja juu ya jiko la umeme. Ujanja uko kwenye sauti: inaeleza picha inayofuata, siyo inayoungua. Unatazama hii, unasikia habari za ile, na ile ikifika umeshasahau nusu.

Nilijaribu hivyo Mikindani na mjomba. Sauti inasema "bahari ilikuwa shwari", picha ni vidole vyake vikibangua korosho, vyeusi kwa mafuta ya maganda. Kesho yake akasema ilichafuka. Sikukata kitu, isipokuwa bodaboda moja iliyopiga honi katikati ya sentensi.

Ila usimsahihishe bibi mbele ya kamera. Ukimwambia "jana ulisema nyekundu", atanyamaza, au atakupa unachotaka kusikia.