Ukitaka kuchekesha na kifo buchani

Kama unaandika filamu fupi ya kuchekesha kuhusu biashara ya nyama, na ndani yake kuna maiti, usimpe mwigizaji wako hata mstari mmoja wa kuchekesha. Mwache afanye biashara.

Yangu niliirekodia bucha moja ya Ng'ambo, hapa Tabora. Mwenye bucha kafa. Makaburini, msemaji wa familia anatoa lile tangazo tunalolijua sote: anayemdai marehemu, au anayedaiwa naye, ajitokeze. Kimya. Kijana wa buchani anajipenyeza na daftari la madeni, anaanza kusoma: robo ya maini, nusu ya mchanganyiko, makongoro ya mgonjwa. Nilimtaka asome kikazi, kama mtu anayefunga hesabu za mwisho wa mwezi. Mwenyekiti wa mtaa, aliyekuwa analia kuliko wote, aliposikia jina lake akanyamaza ghafla. Hapo ndipo watazamaji hucheka.

Wala usiogope kuambiwa umedharau msiba. Sisi tuna watani. Mtani hushuka kaburini akagoma kutoka mpaka apewe chochote, na wafiwa wanacheka machozi hayajakauka. Mimi nilichoongeza ni kumpa mtani mzani.

Nyama yenyewe ndiyo yenye kazi. Paja lililotundikwa asubuhi, mchana limeshakauka juu na kuwa jeusi. Ukichanganya picha za nyakati hizo, mtazamaji ataona ng'ombe wawili. Rekodi kwanza kila kinachoonyesha nyama, mazungumzo yafuate. Muhuri wa mkaguzi uvutie karibu. Ng'ombe hukaguliwa kabla ya kuchinjwa na baada ya kuchinjwa. Marehemu wetu hakuna aliyewahi kumpima hata presha. (Mstari huo alinipa muuza nyama mwenyewe, tena bila kutabasamu.)

Mlio wa shoka kwenye gogo urekodi peke yake, friji likiwa limezimwa, kisha liwashe haraka kabla mwenye mali hajaanza kukuuliza maswali. Na umlipe taslimu kwa muda uliomfungia biashara.

Kibali kiombe mapema Bodi ya Filamu. Sheria ya Filamu na Michezo ya Kuigiza ya mwaka 1976 inakitaka kabla hujaanza kurekodi. Nakala iwe mfukoni. Ukimlaza mtu ndani ya sanda nyuma ya bucha, jirani atapiga simu tu, na atakayefika hatauliza kwanza kama ni filamu.